Mtu Akikatazwa Kujenga, Je, Yafaa Ashitaki?



Msafiri atokaye Mjini Unguja akaifuata njia ya kaskazini mpaka mwisho wake, hufika Nungwi. Hapo nchi imechongoka kama ncha ya mkuki, bahari iko pande tatu, na mnara wa taa umesimama kuvionya vyombo. Pwani yake ni ya mafundi wa majahazi na mashua, ambao hata leo huchonga mbao kwa tezo na kuzitoboa kwa keekee kama walivyofundishwa na baba zao. Lakini kwa muda wa miaka thelathini na zaidi mahoteli ya wageni yamejipanga kando yao, moja baada ya jingine, hata fundi akitaka kushusha chombo majini hana budi kutazama kwanza njia imebaki wapi. Mahali kama hapo kiwanja ni kitu cha thamani kubwa, na neno la mwenye mamlaka, la kusema "jenga" au "usijenge", ni neno zito.

Tumechagua Nungwi iwe mfano wetu katika swali ambalo husemwa mara nyingi barazani lakini halitafakariwi sana. Mtu aliyenyimwa ruhusa ya kujenga na halmashauri ya kwao, je, yafaa aende mahakamani kuishitaki? Wako wasemao kwamba kufanya hivyo ni kiburi, na kwamba mtu mwema hunyamaza, akangoja mkubwa abadili moyo. Wengine husema kwamba kila akataliwaye ameonewa, basi na ashitaki upesi. Sisi twaona kwamba wote wawili hawajalifikia jambo lenyewe.

Tuseme yuko fundi mmoja wa majahazi, mtu mzima mwenye heshima katika mtaa wake. Jina hatumpi, maana hatumsemi mtu fulani. Wenye hali kama yake ni wengi katika kila wilaya ya pwani hii. Mwanawe ameoa, na nyumba imekuwa ndogo. Anacho kiwanja jirani na nyumba aliyozaliwa, na kwa miaka mitatu amekusanya mawe na chokaa, kidogo kidogo, kila apatapo fedha ya kazi. Amekwenda kwa sheha akapewa barua, amemlipa mchora ramani, karatasi zote amezipeleka ofisini. Akaambiwa, "Njoo wiki ijayo, mzee." Akaenda. Akaambiwa kwamba mkubwa yuko safarini. Akaenda tena, faili halikuonekana. Mwezi wa saba akapewa karatasi yenye mstari mmoja, kwamba ombi lake halikukubaliwa. Akauliza, "Kwa sababu gani, bwana?" Kijana wa mezani akamjibu kwa adabu kwamba yeye hakuambiwa sababu, kazi yake ni kutoa karatasi tu.

Sasa kabla ya kumwonea huruma fundi wetu, na tuwatendee haki wale waliomkatalia. Mwenye kujenga hajengi peke yake duniani. Maji machafu ya choo chake yaweza kuingia katika kisima cha jirani; ukuta wake waweza kuziba njia ambayo wavuvi hupita na nyavu; na nyumba ikianguka haichagui wa kumwangukia. Tarehe 29 Machi 2013, siku ya Ijumaa Kuu, jengo la ghorofa 16 lililokuwa likijengwa katika mtaa wa Indira Gandhi, Dar es Salaam, lilianguka likaua watu 36, na kati yao walikuwamo watoto waliokuwa wakicheza karibu. Baadaye ilisemwa kwamba ruhusa iliyotolewa ilikuwa ya ghorofa chache kuliko zile zilizoonekana. Mtu akiyakumbuka mambo hayo hatasema tena kwamba kumkataza mtu kujenga ni uchoyo. Laiti angalikuwako mtu wa kukataza kwa nguvu siku ile!

Tena iko pwani yenyewe. Bahari hula mchanga, na ukuta uliojengwa karibu mno na maji huifanya ile mahali pengine zaidi. Kwa hiyo Unguja mjenzi wa pwani hutakiwa kurudi nyuma mita 30 kutoka alama ya maji makuu, na Tanzania Bara sheria ya mazingira ya mwaka 2004 imeweka mita 60. Ikiwa kiwanja cha fundi wetu kimo ndani ya mpaka huo, basi halmashauri imefanya vema kumkatalia, ijapokuwa ilimkatalia vibaya. Twaomba msomaji aziangalie sehemu hizi mbili, maana mara nyingi twazichanganya: moja ni jambo lililoamuliwa, nyingine ni namna lilivyoamuliwa.

(Sharika zetu nazo hujenga. Wako wazee wa kanisa wadhanio kwamba nyumba ikiwa ni ya Mungu haihitaji ramani wala ruhusa. Paa la kanisa huanguka kama paa la duka.)

Mtu akienda mahakamani kwa jambo kama hili, hakimu hatazami kama angependa nyumba ile ijengwe. Hana ujuzi wa mifereji ya maji, wala si kazi yake kuchora mji. Huuliza maneno mengine. Je, aliyekataza alikuwa na uwezo wa kukataza? Je, alimsikiliza mwombaji? Je, alipima mambo yaliyompasa kuyapima, au alipima chuki, kabila, dini na urafiki? Akiona kosa, aweza kuutengua uamuzi ule, au kumlazimisha mkubwa aamue iwapo amekaa kimya, au kumzuia asitende lile alilotaka kulitenda. Kisha jambo hurudi palepale lilipotoka, kwa halmashauri, ili liamuliwe upya kwa njia iliyonyoka. Wengi hawalijui hili, nao huuza ng'ombe ili walipe wakili wakidhani kwamba watatoka mahakamani na nyumba.

Juu ya swali la kwanza, la uwezo, iko habari ya zamani ambayo twapenda kuieleza kwa urefu kidogo, nayo yatoka Berlin, mji ambako walitoka baadhi ya wamisionari wa kwanza wa pwani yetu. Ndani ya mji ule kuna kilima kiitwacho Kreuzberg, yaani Mlima wa Msalaba, na juu yake ukumbusho wa vita vya kujikomboa katika mkono wa Napoleon, uliozinduliwa mwaka 1821. Mwaka 1879 mkuu wa polisi wa mji, ambaye zamani zile ndiye aliyesimamia majengo, alitoa amri kwamba nyumba za kando ya kilima zisiinuke hata kuuficha ukumbusho machoni pa watu. Mwenye kiwanja mmoja akaomba kujenga nyumba ya ghorofa nne, akanyimwa. Akashitaki. Jambo likapanda mpaka mahakama kuu ya utawala ya ufalme wa Prussia, nayo ikatoa hukumu tarehe 14 Juni 1882.

Tukumbuke nchi ile ilikuwa nchi gani. Ilikuwa nchi ya mfalme na askari, ambako mtu wa kawaida alimvulia kofia karani. Ukumbusho wenyewe ulikuwa wa ushindi wa taifa. Nani angethubutu kusema kwamba nyumba ya kupangisha ni bora kuliko huo? Mahakimu hawakusema hivyo. Walifungua sheria ya mwaka 1794 iliyompa polisi kazi yake, wakaona kwamba kazi hiyo ni kulinda amani na usalama wa watu na kuwaepusha na hatari. Nyumba ile ingeweza kuwaka moto? Hapana. Ingeanguka? Hapana. Ilizuia mandhari tu, na juu ya mandhari sheria haikumpa polisi neno. Basi amri yake haikuwa na nguvu, na mwenye kiwanja hakupaswa kuzuiliwa.

Wako watakaosikitika kwa ajili ya ukumbusho. Sisi pia twapenda mahali pazuri. Lakini hukumu ile haikusema kwamba uzuri si kitu. Ilisema kwamba mkubwa hatumii uwezo wake mwenyewe, bali wa kuazimwa, na aazimaye panga la kukatia kuni hana ruhusa ya kulichinjia mbuzi wa jirani. Watu wakitaka uzuri ulindwe, na waseme hivyo wazi katika sheria, ili kila mwenye kiwanja ajue kabla hajanunua mawe. Nasi tunao mfano karibu. Mji Mkongwe wa Unguja una mamlaka yake ya uhifadhi tangu mwaka 1985, na sheria zake za mwaka 1994 na 2010. Mwaka 2000 mji ule uliandikwa na UNESCO kati ya urithi wa dunia. Mtu wa Shangani au Malindi akiambiwa, "Usiongeze ghorofa, usiondoe mlango ule wa kuchongwa," hawezi kujibu kama yule wa Berlin, kwa sababu hapa uzuri na ukale vimetiwa ndani ya sheria. Jambo ni lilelile, lakini jibu ni jingine, maana uwezo ni mwingine. Karani wa Nungwi hawezi kuuazima uwezo wa Mji Mkongwe kwa kuwa umempendeza.

Swali la pili ni la kusikilizwa, nalo lilihukumiwa London mwaka 1863. Mjenzi aitwaye Cooper alianza nyumba katika wilaya ya Wandsworth. Sheria ya mwaka 1855 ilimtaka atoe habari kwa halmashauri siku saba kabla ya kuchimba msingi, na asipofanya hivyo halmashauri iliweza kuibomoa nyumba. Cooper alisema kwamba alitoa habari; hata hivyo hakungoja siku saba zitimie. Kuta zilipofika ghorofa ya pili, halmashauri ilituma watu wakati wa jioni, wakaibomoa yote. Hawakumwuliza neno. Sheria, wakasema, haituagizi kumwuliza.

Mahakimu wakakubali kwamba sheria haikuandika hivyo. Walakini wakasema kwamba pale sheria iliponyamaza, haki yenyewe yasema: mtu asipoteze mali yake kabla hajapewa nafasi ya kujieleza. Hakimu mmoja akakumbusha neno lililonenwa katika shauri la mwaka 1723, la mwalimu mmoja wa Cambridge aliyevuliwa shahada zake bila kuitwa. Neno lenyewe ni hili, kwa maana yake: hata Mungu hakumhukumu Adamu kabla ya kumwita. Alijua alipo, alijua alilolitenda. Bado alimwuliza yuko wapi, na kama amekula tunda la mti ule.

Tumelisoma mara nyingi sura lile la Mwanzo, wala hatukufikiri kwamba wanasheria wangelitumia kwa ajili ya nyumba iliyobomolewa. Lakini tukilitafakari twaona kwamba walilifahamu vizuri. Swali lile kwa Adamu halikuwa la kutafuta habari. Mungu hakupungukiwa na habari. Lilikuwa la kumpa Adamu nafasi ya kuwa mtu mbele ya mwamuzi wake, si jiwe lisogezwalo. Na Adamu hakushinda shauri lake! Alijieleza, akamsingizia mkewe, akatolewa bustanini. Kusikilizwa si kushinda. Hilo ndilo tungependa liwakae moyoni wale wasemao kwamba kumsikiliza mwombaji ni kupoteza wakati, kwa kuwa jibu lajulikana.

Cooper alipewa fidia. Kosa alikuwa nalo, maana hakungoja siku zake. Lakini kosa lake halikuifuta haki yake ya kuulizwa. Katika nchi yetu jambo hili halikuachwa kwa ukarimu wa mahakimu. Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977, katika ibara ya 13, yasema kwamba haki za mtu zikiamuliwa na mahakama au chombo kingine, mtu huyo asikilizwe kikamilifu na apate njia ya rufani. Na Katiba ya Zanzibar ya mwaka 1984 ina kifungu cha maana hiyohiyo. Maneno "chombo kingine" ni machache, lakini ofisi ya ujenzi imo ndani yake.

Twaja kwa fundi wetu na mstari wake mmoja. Kwa maoni yetu dhuluma iliyomo katika habari yake haiko katika kukataliwa. Iko katika kukataliwa bila sababu. Mtazame yeye mwenyewe penye kazi yake. Kijana akimletea ubao, naye akaukataa, humwonyesha: hapa moyo umeoza, hapa pana fundo, huu utapasuka ukipigwa msumari. Kijana huenda akanuna, lakini kesho huleta ubao mwingine, tena bora. Angaliukataa na kunyamaza, kijana angefikiri nini? Angefikiri kwamba fundi hampendi, au kwamba ataka kitu mkononi.

Na hivyo ndivyo yanavyokuwa ofisini. Kukataa kusikokuwa na sababu hakuwezi kujibiwa, kwa maana hakuna cha kukijibu. Mtu hawezi kurekebisha ramani asiyoambiwa kosa lake. Hawezi kusogeza ukuta asioambiwa umeingia wapi. Basi humbakia njia mbili, nazo zote ni mbaya. Ya kwanza ni kutafuta nani apewe bahasha. Ya pili ni kujenga usiku, akitumaini kwamba paa likishaezekwa watu wataona haya kulibomoa. Twawajua wengi waliofuata njia hizi, na wengine wao ni watu ambao hatungewaita waovu. Waliposukumwa nje ya mlango waliingia dirishani. Halmashauri husema kwamba watu hawa hawapendi sheria. Lakini ni mara ngapi sheria imesema nao?

Mwaka 1996 zilichapwa, katika ripoti za hukumu za Tanzania, habari za shauri la kampuni ya Tanzania Air Services juu ya Waziri wa Kazi. Jaji Kiongozi Barnabas Samatta alisema humo kwamba mwenye kuamua juu ya haki za watu yampasa kutoa sababu, ijapokuwa sheria anayoitumia haikumwagiza hivyo. Shauri lile lilikuwa la kazi, si la nyumba. Lakini msingi ni mmoja. Sababu ikiandikwa, mwombaji aweza kuipima. Hakimu naye aweza kuipima. Na hata yule aliyeiandika huipima mara ya pili anaposhika kalamu, akaona pengine kwamba haifai kuandikwa. Sababu nyingine hazivumilii wino.

Kunyamaza ni jambo gumu zaidi. Barua ya kukataa, hata ikiwa mbaya, ni kitu. Mtu huishika mkononi akaenda nayo kwa wakili. Lakini "njoo kesho" haina mhuri wala tarehe. Mwenye kuambiwa hivyo hajakataliwa wala hajakubaliwa, naye hukaa kama mtu aliyesimamishwa mlangoni na mvua yanyesha. Kenya walijaribu kuikata fundo hiyo kwa sheria ya mipango ya ardhi ya mwaka 2019: mwombaji asipopata jibu la maandishi katika siku 60, huhesabiwa kwamba ruhusa imetolewa, na akikataliwa, ana siku 14 za kukata rufani kwa kamati ya kaunti iliyowekwa kwa kazi hiyo, kisha iko Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Twasifu kusudi la sheria hiyo, lakini hatuipendi yote. Jengo lililoruhusiwa na ukimya ni jengo ambalo huenda hakuna mtu aliyetazama chuma chake wala msingi wake, na tumekwisha kusema yaliyotokea Dar es Salaam. Heri mahakama imlazimishe karani aseme, kuliko sheria imsemee. Na siku 14 ni chache mno kwa mtu akaaye mbali na mji.

Katika Maandiko iko habari moja ambayo ni ya jambo hilihili hasa, wala haihubiriwi mara nyingi. Wayahudi waliporudi kutoka uhamishoni na kuanza tena kuijenga nyumba ya Mungu, alikuja Tatenai, liwali wa ng'ambo ya Mto, akawauliza ni nani aliyewapa amri ya kuijenga. Lilikuwa swali la haki kabisa. Wazee wakajibu kwamba ruhusa ilitolewa na mfalme Koreshi, zamani. Tatenai angeweza kuwacheka, maana karatasi hawakuwa nayo. Badala yake aliandika barua kwa mfalme Dario, akaeleza mambo yote, pamoja na maneno ya wazee kama walivyoyasema, akaomba itafutwe katika hazina ya vitabu kama ni kweli. Na kazi haikusimamishwa mpaka jibu lije. Ikatafutwa, ikaonekana Akmetha, na Dario akaamuru waachwe wajenge, tena gharama zitoke katika mali ya mfalme.

Twamheshimu Tatenai. Hakuwa mtu wa dini yao, wala hatusomi kwamba aliwapenda. Lakini aliuliza, akaandika upande wa pili kwa uaminifu, akakubali kwamba neno lake si la mwisho, wala hakubomoa kwanza na kuuliza baadaye. Ofisi nyingi za leo, zenye mashine za kuandikia na waya za simu, hazijamfikia. Tena na tuone kilichowaokoa wajenzi: ni gombo moja lililotunzwa. Mtu apelekaye maombi na asibaki na nakala yenye mhuri wa kupokelewa amejinyang'anya Akmetha yake mwenyewe.

Kuna wasomaji watakaotukumbusha neno la Mtume juu ya kuwatii wenye mamlaka. Twalijua. Lakini Mtume yuleyule alipoonewa alikata rufani kwa Kaisari, wala hakuhesabu kwamba amemwasi Festo. Na Martin Luther, aliyewafundisha watu kuheshimu serikali, aliandika mwaka 1523 kitabu juu ya mamlaka ya dunia, ambacho jina lake lenyewe lauliza mpaka wa utii huo uko wapi. Kwenda mbele ya hakimu ni kuikubali serikali, si kuikana. Anayejenga usiku ndiye anayeikana. Anayeshitaki asema: nakubali kutawaliwa, hata katika ukuta wa nyumba yangu, nataka tu nitawaliwe kwa neno.

Hata hivyo hatutaki kupamba. Kutoka Nungwi mpaka Mjini ni mwendo wa kilomita 60 hivi. Wakili hulipwa, nauli hulipwa, na siku ambayo fundi ameketi barazani akingoja jina lake liitwe, jahazi halisongi mbele. Iko Mahkama ya Ardhi iliyowekwa Zanzibar kwa sheria ya mwaka 1994, iko na Mahkama Kuu. Lakini haki iliyoko mbali ni kama kisima kirefu kwa mwenye kamba fupi. Wenye mahoteli wana kamba ndefu. Wakikataliwa, mwanasheria wao ameandika kabla jua halijachwa. Twakumbuka kwamba mwishoni mwa miaka ya 1990 rasi yenyewe ya Nungwi, kilomita za mraba 57, ilikuwa imekodishwa kwa kampuni ya kigeni kwa miaka 49, iwe mahoteli, nyumba za kifahari na viwanja vya gofu. Magazeti yalitaja dola bilioni nne. Mradi ule haukujengwa. Lakini wanavijiji maelfu walikaa katika hofu ya kuhamishwa, wala si wao walioulizwa kwanza. Ardhi ya Unguja ni mali ya umma tangu baada ya Mapinduzi ya mwaka 1964, na sheria ya mwaka 1992 humpa mtu haki ya kuitumia. Ni neno zuri. Ila tukiona kwamba rasi nzima yaweza kutolewa kwa wasiojulikana, na vyumba viwili vya mwana aliyeoa vyakataliwa kwa mstari mmoja, hatuwezi kumlaumu fundi akiuliza umma huo ni nani.

Nairobi mwaka 1989 Profesa Wangari Maathai alikwenda mahakamani kuzuia jengo la ghorofa 60 lisijengwe katika bustani ya Uhuru. Mahakama ikamwambia kwamba hana haki ya kushitaki jambo hilo, kwa kuwa halimhusu yeye kuliko wengine. Alishindwa barazani, jengo halikujengwa hata hivyo, maana maswali yake yalikuwa yamekwisha kusikiwa mahali pengi. Kwa hiyo hatusemi kwamba shitaka hufanikiwa ndani ya mahakama tu, wala kwamba lisilofanikiwa ni bure. Lakini si kila mtu ana moyo wa Wangari, wala si haki kumtaka kila fundi awe nao ili apate kujua kwa nini asijenge.

Fundi wetu hajashitaki. Mwanawe amemwandikia barua ya maneno machache, kwamba aomba aandikiwe sababu ya kukataliwa, na kwamba akiambiwa ukuta umeingia pasipofaa yu tayari kuusogeza. Nakala mbili zimepelekwa. Moja imebaki ofisini, ya pili imerudi na mhuri na tarehe, naye ameitia ndani ya kasha pamoja na karatasi za kiwanja. Akipata sababu, atazisoma kwanza. Asipopata, atakwenda Mjini, na ile nakala ndiyo atakayoitoa mbele ya hakimu. Mawe yangali penye kiwanja, na mbuzi wa jirani huyapanda asubuhi kuota jua.